Damu Iliyobaki Uwanjani

Shamba la mkonge, Korogwe

Dada Mwajuma, shikamoo.

Barua yako imenikuta hai, ila mkono wa kushoto umefungwa kitambaa, nitakueleza. Mgongo wa bibi unaendeleaje? Watoto hawajambo? Na mumeo, jicho lake? Najua hilo ndilo nililopaswa kuliuliza kwanza, nimelizunguka kwa aibu.

Unasema Idi hii tena hakuna ngoma iliyolia uwanjani. Watu waliswali, wakala pilau, wakarudi majumbani. Dada, nililia mbele ya watu. Uwanja ule! Bibi alitusimulia wapagazi walivyotua pembe za ndovu pale kabla ya kushika njia ya pwani, na misafara ilivyopigania nafasi kwa magongo. Aliyemwaga damu ya mwenziwe hakujitwisha mzigo tena mpaka aioshe mwenyewe, kwa mtungi wa maji, watu wote wakitazama. Misafara ikaisha, zikabaki sikukuu, na sharti lile likahamia kwenye ngoma: damu isipooshwa na aliyeimwaga, ngoma hailii. Sisi vijana tuliona ni mambo ya kale tu.

Siku ile unaikumbuka. Beni yetu ya mtaa wa Mtendeni, na ngoma na matarumbeta yake, upande huu, ya mumeo, shemeji yangu, upande ule. Akaja mbele yangu akaimba kwamba napiga ngoma kama mjane anayetwanga mtama wa jirani. Watu wakacheka, hata wewe ukacheka. Shemeji ni mtani wangu, ana haki ya kunitania hata siku ya msiba, na mtani hakasirikiwi. Nilijua. Lakini tulikuwa tunashindwa, na mimi kushindwa sikukubali tangu utotoni. Nikampiga usoni kwa kirungu cha ngoma kubwa. Alipoanguka, nikampiga tena. Pigo la kwanza lilikuwa hasira, dada. La pili sijui lilikuwa nini, ila ndilo lililolipasua jicho.

Pande zote mbili zikavamiana kwa magongo na mawe, hata matarumbeta yakavunjwa vichwani mwa watu. Katikati ya vumbi nikasikia sauti yako: "Saidi! Chota maji! Chota maji uoshe!" Nilikusikia vizuri sana. Nikakimbilia stesheni.

Huku nako ni mapigo tu. Mwezi uliopita nyapara alimchapa kiboko mwenzetu wa Urambo mpaka akazimia, kwa sababu ya homa hakumaliza kazi ya siku. Tukamvamia nyapara na visu vya kukatia mkonge, mimi nikiwa mbele. Tukamwangusha. Akajifunika macho kwa mikono miwili, akisema, "Jamani, macho yangu, jamani." Wa kando yangu alikuwa tayari ameinua kisu, nikakidaka kwenye makali. Nyapara akaponyoka. Wenzangu wakanipiga mateke kwa kumwokoa shetani yule, na sikuwalaumu. Vidole viwili havikunjiki tena.

Sasa hili uliloliandika mwisho ndilo limenitoa usingizini. Kwamba shemeji amechoka kuona watoto hawana sikukuu, na amewaambia wazee ataiosha damu yake mwenyewe Ijumaa baada ya mfungo tatu kuandama, kabla ya Idi Kubwa. Mzuie, dada. Mkataba wangu unakwisha kabla ya hapo, nami nitapanda treni siku hiyohiyo utakapokwisha. Ndugu zake wakitaka kunipokea kwa magongo, wanipokee. Naomba wangoje tu nimalize kuosha.

Nisalimie bibi, umwambie nilikuwa nasikiliza. Nisalimie mama mkwe wako, ambaye sina uso wa kumtazama, na yule fundi aliyewamba ngoma zetu.

Na shemeji mwambie auweke mtungi chini. Akinioshea yeye, nitafika nyumbani na mzigo wangu, nisiwe na mahali pa kuutua.

Mimi mdogo wako,
Saidi