Baba Hana Ufunguo wa Kanisa Lile

Shoga, uko wapi? Nakupigia hupokei. Basi soma.

Shangazi ametoka hapa sasa hivi. Kagoma hata kusindikizwa getini.

Si unajua mumewe anazikwa kesho? Askofu wa dayosisi yao kakataza jeneza lisiingie kanisani, eti marehemu alimsema vibaya kwenye kikao. Kanisa ambalo marehemu mwenyewe ndiye aliyeliezeka.

Shangazi kaja mbio kwa kaka yake. Na kaka yake ndiye baba, Askofu Mkuu wa Anglikana nchi nzima. Baba akampigia yule askofu mbele yetu, kaweka spika.

Yule bwana kajibu kwa upole kabisa: "Baba Askofu Mkuu, nakuheshimu sana. Ila hii dayosisi ni yangu."

Akakata. Nakuambia alimkatia baba simu.

Shangazi akauliza, "Si umwamrishe tu?" Baba akasema hawezi. Kwenye dayosisi ya mwenzake haamuru kitu, hata ibada haongozi asipokaribishwa. Mkuu wa nchi nzima, shoga, na hawezi kufungulisha mlango mmoja.

Akasema kinyonge, "Nitakuja, dada. Nitakaa na wafiwa, kama shemeji."

Shangazi akachukua mkoba wake. "Mashemeji marehemu anao wengi. Mimi nilikuja kwa Askofu Mkuu."

Baba bado kakaa palepale, simu mkononi. Kaniangalia, kaniuliza, "Sasa mimi nimpigie nani?"