Milio Mitatu Nyuma ya Pazia

Chicago, Aprili 1963

Kaka yangu mpendwa Hosea,

Pokea salamu zetu kutoka huku. Sisi wazima, ila miguu ya Mama inavimba na lifti ya jengo ni mbovu tangu Krismasi. Wifi yangu hajambo? Na mtoto, kikohozi kimemwacha? Nimesikia huko kwenu Greenwood, Kusini, nyumba za weusi waliokwenda mahakamani kujiandikisha kupiga kura zinapigwa risasi. Umeniuliza nawe uende au uache. Nitakujibu, lakini kwanza nikueleze ya kwetu.

Siku ya kumchagua meya, Mama naye alipiga kura. Ana miaka sabini na moja, na ndiyo mara yake ya kwanza. Alivaa kofia ya Pasaka na glavu nyeupe. Aliyemwandikisha ni Bwana Purnell, mtu wa chama katika jengo letu, ambaye pia ndiye aliyenipatia fleti hii ya serikali. Siku ya kura yeye husimama karibu na pazia la mashine ya kupigia kura. Ndani haoni, lakini anasikia. Ukivuta kishikio kikubwa unachagua chama chake chote, na mlio unakuwa mmoja. Kila jina nalo lina kishikio chake kidogo; milio ikizidi, anajua umechaguachagua. Nilimkumbusha Mama njia nzima avute kile kikubwa, atoke.

Mlio wa kwanza ulisikika. Ukaja wa pili. Watu wote ukumbini waligeukia pazia, na Mama bado yumo ndani. Kisha wa tatu. Alipotoka, Purnell alimwambia huku akitabasamu, "Mama Odessa, leo umetupigia kinanda." Mama akamjibu kwamba kinanda chenyewe kizuri.

Kila baada ya uchaguzi Purnell hupita mlango kwa mlango akigawa kuku wa shukrani. Safari hii nilimsikia akibisha kwa jirani wa kushoto, halafu kwa jirani wa kulia. Wiki iliyofuata wakaja watu wawili wa ofisi ya nyumba, wakakagua vitanda. Jina la Mama halimo kwenye mkataba wangu, na mtu wa nje aliyejua hilo ni Purnell peke yake. Nimeambiwa Mama aondoke kabla mwezi haujaisha, la sivyo tutoke sote.

Sasa nikwambie jambo ambalo linaniumiza. Mama aliwachagua watu wa Purnell wote: meya wake, karani wake, mweka hazina wake. Aliwavuta mmoja mmoja kwa sababu alitaka kusoma kila jina. Nilimbembeleza aende akaeleze, akakataa kabisa. "Huko nyumbani mzungu aliniuliza nataka kura ya nini. Huku mweusi mwenzangu aniulize nimempa nani? Sisemi."

Nikaenda mwenyewe kwa siri. Purnell alinimiminia kahawa, akanisikiliza mpaka mwisho, akasema ananiamini. Kisha akasema, "Shida, binti yangu, ni kwamba wenzio wote walisikia."

Kaka, nilikusudia kukuandikia usiende mahakamani. Badala yake nakuomba ukampokee Mama stesheni Jumamosi. Kofia na glavu ameziweka juu kabisa ya sanduku, na anasema Jumatatu mtakwenda wote wawili.

Nisalimie wifi, umbusu mtoto. Kitanda cha Mama msikiweke karibu na dirisha.

Ni mimi dada yako akupendaye,
Verdell