Nywele za Bibi Ng'washi

Feli, nimetoka kwa mzee Kamugisha sasa hivi. Sijui hata nianzie wapi.

Ile filamu yake ya sanamu za udongo, ya mwaka 74, ya watu kuhamia vijiji vya ujamaa. Ile sanamu ya bibi ilikuwa na nywele za mtu. Za mtu kweli, Bibi Ng'washi wa Magu. Kamugisha alipomwomba, bibi alisita, maana kwao nywele zako humpi mtu hivi hivi. Mwisho akazikata mwenyewe, akasema, "Nitunzie."

Miezi minne Kamugisha aliisogeza ile sanamu kidogo kidogo, picha moja moja, hadi ikatembea kama bibi mwenyewe. Halafu, kwa ile sehemu ya nyumba za waliokataa kuhama kuchomwa, akaiweka kwenye kibanda cha nyasi, akamwaga petroli, akawasha. Moto wa kweli.

Siku ya kuonyesha, pale Kirumba, bibi alikuja na kanga mpya, akakaa mbele. Akajiona anaungua. Udongo ukapasuka, mkono ukainuka kama unapunga, ukumbi mzima ukacheka.

Bibi akasimama. "Kamugisha, nilisema unitunzie."

Unajua alimjibu nini? "Kaa chini mama, unawaziba wenzako."

Unawaziba wenzako, Feli. Watu wakataka waone tena, naye akarudisha mkanda, bibi bado amesimama.

Amenisimulia anacheka hadi machozi. Nikamuuliza bibi aliishia wapi. "Sijui, ila ule mkono ulitoka vizuri sana."

Kesho anapewa tuzo. Hotuba ya kumsifu nimeandika mimi.