Mama Yako Bado Anaweka Chai

Khemis, ndugu yangu,

Nimeshindwa kuanza kwa salamu. Ungekuwepo ungenicheka: Ayikoru mwenye mdomo, leo amekosa la kusema. Redio yetu imekua. Imekua kuliko tulivyoota, na kwa njia ambayo naona aibu kukueleza, lakini nimweleze nani mwingine?

Bado niko kwenye chumba chetu cha Arua, nyuma ya fundi cherehani, yule tuliyekuwa tunambembeleza apumzishe mashine yake kila tukirekodi. Magodoro bado yako ukutani kuzuia kelele. Unakumbuka redio za mjini zilivyotufukuza pamoja na yule kijana wa Logiri, anayepiga adungu, kinubi chake cha kienyeji, kupitia spika iliyopasuka? Walisema ule si muziki, ni ugonjwa. Ukawajibu, "Basi sisi nafungua hospitali." Hivyo ndivyo Redio Pembeni ilivyozaliwa, kwenye intaneti, kwa kompyuta moja na modemu iliyoning'inia dirishani ikitafuta mtandao. Wasikilizaji wetu tuliwajua kwa majina.

Ijumaa saa kumi ilikuwa zamu yako, ingawa mwenyewe hukuwapo. Ulirekodi vipindi mapema, ukavipanga kwenye foleni ya kompyuta, na Ijumaa ukishaswali ulipanda gari kwenda Koboko kwa mama yako. Kila kipindi ulikimaliza kwa maneno yale yale: "Mama, weka chai, mimi nakuja." Naye akiyasikia kwenye simu ya dada yako Zaituni, aliinjika sufuria. Chai ikichemka, nawe unapiga hodi. Mliishi hivyo kwa miaka.

Halafu homa ikakuchukua siku ya Alhamisi. Tulikuzika kesho yake baada ya swala. Nilikaa mkekani na wanawake, ubavuni mwa mama yako, na kichwani mwangu hamkuwa na foleni wala kompyuta. Kukiondoa kipindi chako kwenye foleni ilikuwa kazi yangu. Nilisahau, Khemis. Mtu mmoja pale uani alifungua redio yetu kwenye simu, atazame kama tumetangaza msiba, na sauti yako ikatoka, imechangamka, inamwambia mama aweke chai. Mama yako akainuka mkekani, akaanza kutafuta kiberiti.

Lile lilikuwa kosa, na kosa husameheka. Siku ya tatu alinishika mkono akasema, "Ayikoru, toa sauti ya mtoto yangu kwa redio. Mimi nasikia, moyo napasuka." Nikamwambia nitaitoa.

Sikuitoa. Wiki ile mtu alikuwa amekirusha kipindi cha siku ya mazishi huku na huku, na watu wakaanza kuja kutusikiliza, wengine kutoka miji ambayo ilibidi niitafute kwenye ramani. Waliuliza huyu ni nani mwenye sauti hii, anayepiga muziki huu usiopigwa popote. Walitaka zaidi. Nikafukua vipindi vyako vya zamani vyote, nikaanza kuvirudia kila Ijumaa saa kumi, nikavipa jina: Khemis Bado Yuko. Jina hilo nililitunga mimi, na siku ile niliona nimetunga kitu kizuri. Wanasema kufa kufaana. Wewe ulikufa, mimi nikafaidika. Tulipata mtandao imara, tukapata maikrofoni mpya, yule kijana wa Logiri akaalikwa kupiga nje ya nchi. Nilijidanganya kwamba nakuenzi.

Arobaini yako nilihudhuria, nikala, nikaondoka upesi. Sikutaka mama yako aniulize.

Mwezi uliopita nilikwenda Koboko, Ijumaa, nimebeba sukari na habari njema za redio. Nilimkuta ameketi na simu mapajani. Mikate ya kisra ilikuwa imefunikwa kwa kawa, na vikombe vilikuwa vitatu. Nilipotaka kukaa kwenye kiti cha karibu na mlango, akanizuia. "Hapana hapo. Hapo ya Khemis. Ngoja kidogo, yeye nasema nakuja." Nikamtazama Zaituni. Zaituni akageuza uso, akaniambia kwa sauti ya chini kwamba ni hivyo kila Ijumaa sasa. Chai hupoa, mama hulia, kisha husema barabara imeharibika, pengine gari limekwama. Wakijaribu kumwambia ukweli, huwaonyesha simu. "Redio nasema bado iko. Redio ya rafiki yake. Yeye nadanganya kwa nini?"

Nilikunywa chai ile nikiwa nimesimama.

Niliporudi Arua nilifuta kipindi. Nimeandika kwamba hakitarudi, na wasikilizaji wamenitukana, wengi wamekwenda zao. Waende. Ijumaa iliyofuata, saa kumi, sikuweka chochote, saa nzima ya kimya. Nilidhani nimemaliza deni. Kumbe! Simu ikalia, Zaituni. Mama anauliza mbona leo Khemis hasemi. Anauliza kama unaumwa. Amechukua shuka, anataka kupanda gari kuja Arua kukuuguza.

Majuto ni mjukuu, nilikuwa nasikia tu wazee wakisema. Nimekuzika mara mbili, Khemis, na mara hii ya pili mama yako yuko peke yake kando ya kaburi, kwa sababu yangu.

Basi sikiliza. Kesho ni Ijumaa. Nitapanda gari lile lile ulilokuwa unapanda wewe, saa ile ile. Nitakaa chini mkekani, nimwambie kwa mdomo wangu, si wa redio, kwamba umekufa, na kwamba mimi nilidanganya. Akinifukuza, nitarudi Ijumaa nyingine. Akisahau, nitamwambia tena. Redio itaendelea kama itaendelea, itapiga muziki wa walio hai.

Pumzika, ndugu yangu. Mungu akulaze pema, kwa dua zenu za msikitini na kwa sala zetu za kanisani. Nakuahidi kila Ijumaa chai ya mama yako itapata mnywaji. Kikombe chako sitakigusa.

Wako,
Ayikoru