Jina ambalo muke wangu hatamki

Goma, Jumatano, masika ya 1956

Mvua tangu asubuhi, na baridi ya mulima imeshuka hadi mitaani. Nimerudi kutoka biro, ofisi yetu ya ramani, viatu vimelowa chapachapa. Nimekaa kitandani na karatasi hii juu ya magoti. Meza ninayo, lakini imejaa sufuria.

Leo sina raha. Heri niseme mapema nisijifanye.

Naandika Kiswahili kwa sababu Kifaransa kinanichosha kutwa nzima, na Kinyarwanda nikikiandika hapa peke yangu nitalia. Kiswahili cha Goma ni lugha ya soko na barabara. Kinakuuliza unatoka wapi na unaenda wapi, kisha kinakuacha upite. Kwetu mutu akikukuta njiani anataka kwanza kujua wewe ni mutoto wa nani, na usipojibu hilo hakuna mazungumzo. Hapa mwaka wa pili unakwisha na hakuna aliyeniuliza. Majirani zangu ni watu wa Beni, wa Sake, wa Kindu. Tunasalimiana vizuri, tunaombana chumvi. Wanajua nina muke kijijini, ila jina lake Verediana hawajawahi kulisikia, kwa sababu sina wa kumsimulia.

Kazi yangu ni kuchora ramani. Wapimaji wanapanda milimani na vyombo vyao, wanarudi na michoro ya krayoni, na mimi naikaza kwa wino kwenye karatasi nzuri. Naanza na barabara, halafu misioni, halafu mashamba ya wakoloni. Majina huja mwisho. Mwandiko wangu ni mzuri, mapadri waliuchapa kwa fimbo mpaka ukanyooka.

Tangu nipate kazi hii nina ndoto moja. Nataka siku moja niandike jina la baba yangu kwenye ramani. Kilima chetu kule Kibumba kinaitwa kwa jina lake. Yeye ndiye aliyefyeka pale wa kwanza, akajenga, akawaoza wana wake wote palepale, na leo kila nyumba ya kilima ni ya mutoto wake. Nimelifanyia mazoezi jina hilo pembeni ya karatasi mbovu, herufi kubwa, herufi ndogo, mara nyingi kuliko ninavyopenda kukubali. Lakini hapa sitaliandika, na sababu yake inakuja.

Leo asubuhi karatasi ya Kibumba iliwekwa juu ya meza yangu.

Nikatafuta kwetu kabla hata sijafungua wino. Kilima kipo. Mteremko wenyewe, mawe meusi ya volkano, kila kitu mahali pake. Pahali pa jina ni patupu. Na juu ya utupu huo umepita mstari wa krayoni ya bluu, mpaka wa shamba la pareto ambalo mukoloni mmoja anaomba aongezewe. Biro nzima tunajua maana yake. Ardhi isiyo na jina wala mwenyewe inahesabiwa kuwa ardhi tupu, na ardhi tupu ni ya serikali, na serikali inampa anayejua kuomba. Baba yangu, kaka zangu, watoto wote wale, nyumba zote zile, ndani ya mstari wa bluu.

Nikamfuata Fataki, mkalimani wa wapimaji. Ni mutu wa Maniema, mcheshi, hana moyo mbaya. Nikamwuliza kwa sauti ya kawaida, kama mutu anayeuliza habari za mvua, mbona kilima hiki hakina jina. Alicheka kabla ya kujibu.

"Eh ndugu, banamuke ba kwenu! Tulikuta mama mumoja murefu kwenye lupango ya nyumba yake, na mutoto ku mugongo, iko anachota maji mu pipa chini ya bati. Nikamuuliza, mama, hapa panaitwa je? Anageuza uso. Nikamuuliza tena, anafunika kinywa. Mutu anakaa juu ya kilima na jina yake hajui!"

Pipa lile nilimpelekea Verediana mimi mwenyewe, kwa kamyo ya mufanyabiashara wa Rutshuru, nikalifunga kwa kamba na kulikalia njia yote. Kilima kizima hakuna pipa lingine. Nikamwambia aendelee.

"Kisha anasema, ni kwa Gaju. Nikauliza, Gaju ni nani, ni chefu? Anasema hapana, ni ngombe. Sasa mimi nitapeleka jina ya ngombe kwa Monsieur? Nikamuuliza, mwenye kilima iko wapi? Anasema mwenyewe hayuko. Basi nikaandika: jina hakuna, mwenyewe hakuna. Tukaenda."

Akanipiga bega, akaenda zake kutafuta chai.

Nyumba usiyolala ndani hujui ila yake. Fataki angejuaje? Kwetu mwanamke aliyeolewa hatamki jina la baba mukwe wake. Halitamki akiwa naye, halitamki akiwa peke yake, na hata maneno yanayofanana nalo anayakwepa, anatafuta mengine ya kuweka pahali pake. Jirani yetu mumoja baba mukwe wake aliitwa kwa neno la mvua. Maisha yake yote yule mama aliiita mvua "maji ya juu", na watoto wake walikua wakisema hivyohivyo mpaka shuleni wakachekwa.

Sasa fikiria kilima chenye jina la baba mukwe, na nyumba zote ni za wakamwana wake. Tena Kibumba haina mto, volkano inakunywa maji yote, kwa hiyo wanaume hushuka na ng'ombe mbali kutafuta maji na kurudi jioni. Wapimaji walipofika walikuta wanawake tu, na kati yao wote hakuna hata mumoja aliyeweza kutamka jina la pahali anapoishi.

Verediana alijibu kweli tupu. Mwenyewe hakuwepo, alikuwa nyuma ya ng'ombe. Na "kwa Gaju" si mzaha. Gaju alikuwa ng'ombe wa kwanza wa baba pale juu, mwekundu, mwenye pembe za kujivunia. Kaka yangu mukubwa alipooa, muke wake alihitaji njia ya kusema nyumbani bila kuvunja heshima, akasema kwa Gaju. Waliomfuata wote wakapokea.

Kwa muda nilimkasirikia muke wangu. Nilisema moyoni, si ungetamka tu, mara moja, mbele ya watu wasiokujua? Halafu nikaona haya. Alisimama mbele ya mzungu na vyombo vyake na mkalimani anayemcheka, na bado hakumvunjia heshima baba yangu. Ndiyo maana nami siliandiki jina hilo hapa. Mimi mwenyewe mbele ya Monsieur huitikia ndiyo kabla hajamaliza kusema.

Nimefikiri sana leo juu ya mambo haya, nikiwa na kalamu kavu mkononi. Ramani yetu inaeleza vizuri sana pahali kamyo inapoweza kupita. Anayeisoma atajua kilima kina urefu gani, atajua misioni iko wapi, na hatajua nani amezikwa wapi. Baba yangu hajawahi kuchora kitu. Yeye jioni ng'ombe wakirudi anawasifu, mumoja mumoja, na sifa za Gaju ndizo alizozipenda kuliko zote hata baada ya ng'ombe mwenyewe kufa. Alizaliwa wapi, aliruka jiwe gani, alikunywa maji kwa nani mwaka wa kiangazi kikali, nani alitaka kumnyang'anya na wapi alishindwa. Mutoto akisikiliza vizuri anaweza kushuka mpaka kwenye maji na kurudi bila kupotea. Hiyo nayo ni ramani. Ila niseme ukweli, katika sifa zote zile sijawahi kusikia shamba la maharage la mama yangu, wala njia ya kuni. Muzee naye ana pahali alipoacha patupu.

Sijui kwa nini hilo lilinichoma vile. Labda kwa sababu nilikuwa nimezoea kudhani ni wazungu tu wanaosahau watu.

Nikaenda kwa chef, mukubwa wa biro, yule tunayemwita Monsieur. Ni Mubelgiji mukimya, si mutu wa matusi. Nikamwambia kilima kina jina, kina mwenyewe, na mwenyewe ni baba yangu. Aliweka chini krayoni yake akasikiliza mpaka mwisho. Akasema jina anaweza kulikubali kutoka kwangu. Lakini kabla ramani haijatiwa muhuri Bukavu, atapita mukaguzi, atawauliza watu wa pale, na jina watakalotoa ni lazima liwe lile lililoandikwa. Likiwa tofauti, au wakinyamaza, litafutwa, na mstari wa bluu utapita. Akaniuliza mukaguzi atamkuta nani.

Nikafikiri. Wakaguzi hupita mchana, bila kutaja siku. Mchana wanaume wako kwenye maji.

Atamkuta Verediana.

Chef aliningoja. Jina la baba lilikuwa mdomoni mwangu tayari, lile la mazoezi yote. Ningeweza kuliandika, kisha Jumapili nipande kamyo, nimwombe muke wangu: ukiulizwa, litamke, mara moja tu. Ninamjua. Angenitazama, angekubali kwa ajili yangu. Na baada ya hapo angekaa kati ya wakamwana wenzake kama yule aliyelitamka. Wasingemfukuza. Wangemwachia kiti kilekile, wangemsalimu, na hakuna ambaye angemwachia mutoto wake ambebee. Mimi najua kuishi katikati ya watu wanaokusalimia tu. Sitampa muke wangu maisha haya.

Nikamwambia chef: andika Gaju.

Akauliza ni jina la nani. Nikasema ni la ng'ombe. Nilingoja acheke. Hakucheka. Alisema jina ni jina ikiwa watu wanalijibu, akachukua kifutio, akafuta bluu, akauchora mstari upya chini kabisa ya mteremko, nje ya nyumba zetu. Ilikuwa kazi ya muda mfupi. Kisha akarudi kwenye hesabu zake kana kwamba hakuna kilichotokea.

Nimerudi mezani, nimechovya kalamu, nimeandika. Mwandiko haukuwa mzuri. U iliegemea upande.

Nilitaka kumwambia mutu. Nimetoka biro na maneno yamenijaa, nikapita sokoni, nikasalimiana na nusu ya Goma. Yule mama wa viazi ameniuliza habari, nikasema ni nzuri. Fataki ameniita tukanywe moja, nikamwambia tumbo linauma. Ningemweleza vipi bila kumwambia kwamba mama aliyemcheka ni wangu? Angeona aibu, angeniomba radhi, angeninunulia chupa ya pili, na bado asingeelewa nilichokifanya. Ili aelewe ingebidi amjue baba yangu. Ningeanzia wapi?

Basi nimekuja nyumbani na viazi vyangu.

Kilima kimepona, nadhani. Mukaguzi atakuja, atauliza, na muke wangu atajibu akimtazama usoni. Wakamwana wote watajibu. Nikifikiri hilo nafurahi kweli, furaha ya kukaa nayo kimya. Lakini jina la muzee halimo. Nililokuwa nalo moja tu la kumpa, mimi mutoto aliyesomeshwa kwa kuuza ndama wake, nimeliondoa kwa mkono wangu mwenyewe. Wajukuu wa wajukuu wake watafungua ramani ile waone ng'ombe.

Jumapili nitapanda Kibumba kumwambia. Sitamtuma mutu. Nitamweleza habari ya mukaguzi, habari ya mstari, nitamweleza kwamba wakamwana wake walimheshimu hata kilima kikakaribia kupotea. Atanisikiliza mpaka mwisho, yeye hakati maneno ya mutu. Hatanigombeza. Baba yangu akikukasirikia hasemi neno. Anaita maziwa yaletwe, anawapa wote waliokaa, na wewe anakupita.

Hilo tu ndilo ninalotaka kujua leo. Je, atanipa maziwa?