Kosa ya Kukimbia na Daftari za Leta

Beni

Yaya Masika, dada mukubwa wangu,

Nakusalimia wewe na batu bote ya nyumba, kule Luofu. Kifua ya Mama imepoa? Maharagwe mulivuna, ao vita ilibakimbiza tena mbele ya mavuno? Mimi niko muzima, namushukuru Mungu. Najua mulisikia kama balinifukuza kazi. Hapana, balinisimamisha. Nakuelezea yote, kusudi Mama asisikilize maneno ya njiani.

Unajua kazi yangu ni kuandika batoto benye banazaliwa. Siku masasi ya vita ilianguka karibu na soko, batu balikimbia, na chef wetu, mukubwa wa bureau, alikuwa ameisha kuondoka. Bureau ya jirani balikuwa bameichoma na makaratasi yake yote. Donc nikakusanya daftari zetu za vizazi. Papa Ramazani, Muislamu mumoja mwenye lori, alikuwa anapakia batu kwenda Butembo. Akaniambia nafasi iko ya muzigo moja: daftari ao godoro yangu. Godoro ikabaki. Nilikaa na daftari kwa shangazi, mutaa wa Bulengera, palepale Butembo, mpaka kukatulia.

Niliporudi, chef alinipa demande d'explication, karatasi ya kuniuliza kwa nini niliacha kazi bila ruhusa na kuondoa vitu vya Leta, ni kusema vya serikali. Nijibu kwa siku mbili. Palepale akanisimamisha.

Benzangu balinishauri niende kwa komanda mumoja wa askari, amutishe chef. Niliogopa kile angeniomba kisha. Nikaenda kwa Mama Kyakimwa, aliyekuwa greffière, mwandishi wa mahakama. Sasa tribunal imefungwa, anauza mandazi. Katika jibu langu la kwanza nilikuwa nimejaza ukurasa muzima juu ya chef kukimbia. Akaukata wote.

"Hapa banauliza yako," akaniambia. "Andika yako. Ya chef, siku batamuuliza, atasema mwenyewe."

Akanifundisha nijibu mbele ya siku kuisha, nibaki na kopi yenye sahihi ya aliyepokea, na niombe kuona dossier yangu, faili ya kazi. Bakiniazibu, niko na haki ya recours: kuandikia kwanza yule aliyeniazibu, na akikataa, kuandikia mukubwa wake.

Chef alisoma jibu, akanirudisha kazini, mais akanipa blâme, barua ya lawama inayobaki katika dossier mpaka uzee. Hiyo ilinichoma kuliko kusimamishwa. Nikamuandikia, akakataa. Nikamuandikia mukubwa wake.

Huyo mukubwa akatuita sisi bote, mimi na chef. Papa Ramazani aliacha samaki za Kyavinyonge ndani ya lori, akaja kutoa ushuhuda, akaeleza alichoona, hakuongeza kitu. Kisha mukubwa akaniuliza kwa nini sikuomba ruhusa.

"Kwa nani?" nikamujibu, bila kumutaja chef.

Chef alikuwa anaangalia viatu vyake. Kisha akasema polepole, "Mimi nilikuwa nimeisha kukimbia. Muke wangu alikuwa amezaa siku tatu mbele ya masasi. Kavira huyu hakuwa na mutu wa kuomba."

Blâme ikaondolewa katika dossier. Nililia njiani, Yaya, na batu balidhani nimefiwa.

Mais haikuishia hapo. Juzi chef aliingia kwangu na karatasi mukononi. Naye bamemupa demande d'explication, juu ya kuacha kazi siku ile. Alisimama mbele ya meza yangu sawa batu benye banakuja kuomba cheti.

"Kavira, kitu hii banaijibu namna gani?"

Sikudanganyi, nilisikia furaha kidogo. Kisha nikamuwaza yule mama na mutoto wa siku tatu, barabarani, katika masasi. Nikamupa kiti. Nikamuuliza bamemupa siku ngapi.

Unisalimie Mama sana, na shemeji mulimaji, na yule dada yetu mudogo anayefundisha kule. Mwambie kopi za barua zake za kazi azichunge. Mama Kyakimwa naye anabasalimia, hata hamujuane.

Naachia hapa. Chef amerudi, na kesho ndiyo siku yake ya mwisho. Tunaenda kumaliza jibu.

Mudogo wako,
Kavira