Sisi Ndio Tuliokuja

Shangazi mpendwa,

Nakuandikia nikiwa Laela, kwenye benchi la mama anayeuza chai na vitumbua karibu na kituo cha basi. Mbele yangu malori yanapakia mahindi, makuli wanataniana kwa matusi, na upepo wa mwezi wa sita unapenya sweta langu. Nyumba yako kule kijijini imefungwa kufuli. Ufunguo anao Deo, mdogo wangu, na ameniambia mbele ya mke wake kwamba sitaupata tena. Kwa hiyo sina pa kulala katika bonde ambalo nimeliandikia kitabu, na mtu pekee ambaye ningemweleza haya akanijibu ipasavyo ni wewe, uliyetutoka kiangazi kilichopita.

Naanzia shambani, maana wewe ndiko ungeanzia.

Ulikuwa ukinichukua wakati wa likizo, mvua zikikaribia kukatika na majani yamefika kiunoni. Ulinifundisha kutengeneza ntumba, yale matuta yetu ya mviringo: unakusanya majani, unageuza udongo juu yake, unayafunika yaoze humo mpaka mvua nyingine, halafu unatawanya lile tuta na kupanda ulezi. Juu yake, wakati tunasubiri, maharage. Nakumbuka alipokuja bwana shamba kutwambia kwamba matuta ya kisasa ni marefu na yamenyooka. Ulimsikiliza kwa adabu zote, ukamfungashia maharage ya kwenda nayo mjini, ukarudi kwenye ntumba zako. Mimi niliyekaa darasani nilitaka kumjibu. Ulinikanyaga mguu.

Lakini kila mwaka, siku ya kwanza, hatukuanzia shambani kwetu. Tulivuka kijito na majembe begani mpaka kwa jirani yako Leokadia. Yeye alisimama pembeni, kanga imefungwa kifuani, wala hakushika jembe. Ulitengeneza ntumba tatu au nne upande wa juu wa shamba lake, akasema, "Haya, imetosha," ndipo tukarudi kwetu. Hakuna shukrani, hakuna uji. Mimi nilikasirika kwa niaba yako.

"Shangazi, kwani huyu hana mikono?"

"Anayo."

"Sasa mbona tunamlimia?"

"Chimba, mwanangu. Mdomo wako utatulimia lini?"

Nikakua nikiamini kwamba Leokadia ni mwanamke wa kujivuna, na wewe ni mpole kupita kiasi. Upole niliuona kama ugonjwa. Nilipoanza kuandika magazetini nilijiapiza kwamba sitaugua.

Unajua jinsi kitabu kilivyoanza. Alikuja yule bwana wa mashamba makubwa na ramani yake, na kwenye ramani sehemu yote ya chini ya bonde ilikuwa imepakwa rangi ya ardhi isiyo na mtu. Isiyo na mtu, Shangazi, pale ambapo kila kipande kina jina. Damu ilinipanda. Nilikuja na daftari na simu ya kurekodi, tukakaa siku nyingi barazani kwako ukipukuchua maharage. Ulinipa kila kitu: akina nani walifua chuma katika malungu, yale matanuru marefu ya udongo, na jinsi moto ulivyozimika majembe ya dukani yalipofika, nani alihamishwa kutoka bondeni enzi ya vijiji akapangwa kando ya barabara kama viti vya mkutano, na bado akashuka kila asubuhi kulima kwake. Niligombana na majalada ya serikali. Niligombana na wasomi wanaokuja kupiga picha tanuru moja lililobaki wima, wakarudi makwao kupewa vyeo, bila kumuuliza hata mwanamke mmoja anayelima kandokando yake. Kwa sehemu hiyo sitaomba radhi kwa mtu. Yule bwana aliondoka. Sijui kama alikimbia kitabu changu au ubovu wa barabara yetu, ila watu walinipa sifa, na nilizipokea.

Sasa nifike kwenye ule mchana.

Mkono wako ulikuwa ndani ya ungo. Ukasema, bila kuniangalia, "Andika pia kwamba sisi ndio tuliokuja."

"Tuliokuja wapi?"

"Hapa. Baba yangu alitoka upande wa Mpui mwaka wa njaa, ana mke na mtoto mgongoni. Mama yake Leokadia ndiye aliyempokea. Hili shamba alikatiwa na yeye. Akaambiwa, kila mwaka kabla hujafungua lako, njoo kwanza ulisalimu langu. Basi. Hakutaka kuku wala pombe."

Nilicheka, Shangazi. Mpui. Leo ni nauli ya basi tu, mtu anakwenda asubuhi na kurudi mchana. Halafu nikaacha kucheka, kwa sababu niliona hoja yangu inavyobomoka. Nilikuwa nimeandika kurasa nyingi kwamba ukoo wetu umekuwa hapa tangu moto wa malungu.

"Nikiandika hivyo tumekwisha," nikakuambia. "Watasema hata sisi ni wahamiaji, kwa hiyo ardhi haina mwenyewe."

"Ina mwenyewe. Yupo ng'ambo ya kijito, anaanika ulezi."

"Shangazi, hii ni vita."

"Basi pigana. Leokadia usimguse."

Nilimgusa. Marehemu mume wake alipanda kutoka kule chini, ziwani Rukwa, akaoa na kujenga kwa mkewe, na watoto wakachukua jina la ukoo wa baba yao. Hilo lilikuwa kweli, nami nililishika hilo moja nikaacha mengine yote. Niliandika kwamba watu wa upande ule wa kijito ni wageni waliopanda kutoka ziwani na kupokewa na babu zetu. Hata yale mawe meusi mazito, mavi ya chuma, ambayo jembe lilikuwa linayatoa shambani kwa Leokadia, niliyaandika kuwa ni kazi ya mikono ya watu wetu. Nilichukua mpaka uchafu wa tanuru la mama yake.

Kitabu kilipotoka ulitaka nikusomee, maana macho yako yalikuwa yamekwisha kuingia ukungu. Nilikusomea jioni mbili. Ukurasa ule niliuruka. Uliniuliza, "Na Leokadia?" Nikasema, "Yumo." Ukaitikia kwa kichwa, ukaridhika. Nimejibizana na wakubwa mbele ya kadamnasi na sauti haikutetemeka, lakini neno hilo dogo nililokuambia barazani bado linanipandisha joto usoni kila ninapolikumbuka.

Tulikuzika. Mvua zilipokaribia kukatika mwaka huu, hakuna aliyevuka kijito na jembe. Badala yake Deo na binamu zetu wawili walivuka na kamba ya kupimia. Walimwambia Leokadia kwamba lile shamba la upande wa juu aliazimwa tu na babu yetu, na sasa wenyewe wanalihitaji. Yeye ni bibi wa miaka mingi, wanawe wako Mbeya na Tunduma. Alikwenda kwenye baraza la ardhi la kijiji. Na Deo akanipigia simu Sumbawanga, ana furaha.

"Dada, wewe njoo tu useme ulichokiandika. Wazee wanakiheshimu kitabu chako kuliko misale ya kanisani."

Nilikuja. Nililala kwenye kitanda chako. Labda utadhani nilikuwa nimeshaamua; sikuwa. Asubuhi ile nilipokuwa napanda kwenda ofisi ya kijiji nilikuwa bado natafuta sentensi itakayomwokoa Leokadia bila kuniumbua mimi. Nimeandika kwa miaka mingi. Ningeweza kuipata.

Walikisoma kitabu kwa sauti. Katibu wa baraza, kijana mwenye sauti nzuri, aliusoma ukurasa ule kwa heshima, akipumzika kwenye nukta. Leokadia alikuwa amekaa kwenye mkeka pamoja na wanawake wengine, anaangalia mikono yake. Nilisikia maneno yangu yakimtoa shambani, moja baada ya jingine, na yalikuwa yamepangwa vizuri. Hapo ndipo nilipoacha kutafuta sentensi.

Nikasimama. Nikasema, "Ukurasa huo ni uongo, na nilipouandika nilijua."

Deo akasema, "Dada, kaa chini, umechoka na safari."

"Sijachoka. Sisi ndio tuliokuja. Babu alitoka Mpui na njaa yake. Mama yake Leokadia alimkatia shamba. Shangazi aliniambia mwenyewe."

Watu walicheka, si wote. Mzee mmoja, mwenye fimbo na koti refu la mvua, unamfahamu, yule aliyekuwa katekista, akaniuliza taratibu: "Binti yangu, jana umeandika vile, leo unasema hivi. Na wewe ndiye msomi. Sisi tukuamini wewe yupi?"

Alinibana, Shangazi. Mimi. Nilisimama pale kama mtoto aliyesahau shairi. Ningemjibu waziri, ningemjibu profesa. Yule mzee alikuwa ameniuliza swali la haki na lilinimaliza. Nilichoweza kusema ni, "Msiniamini mimi. Waulizeni wanawake waliokuwa wakimwona Shangazi siku ya kwanza ya ntumba alikuwa anakwenda kulima wapi."

Halafu mama mmoja kutoka mkekani akasema, "Kwa Leokadia." Mwingine akasema, "Kila mwaka. Hata ule mwaka mguu wake ulipovimba, alikwenda anachechemea." Wa tatu akamgeukia Deo: "We Deo, si ulikuwa unabebeshwa chupa ya maji? Au maji yalikuwa yanajibeba?" Hapo kicheko kikahamia upande mwingine.

Mwenyekiti wa baraza akamuuliza Leokadia anasemaje. "Yule marehemu alikuwa anajua," akasema. "Hakunifanya nimkumbushe hata mara moja. Alipokufa nilingoja nione litavuka jembe la nani. Nikaona kamba."

Shamba limebaki kwake. Wameandika hivyo na kugonga muhuri. Kisha mwenyekiti, mtu wa kunyoosha mambo mpaka mwisho, akamuuliza: na hawa waliokatiwa na mama yako, wakae ama watoke? Ukumbi mzima ulituangalia. Ndugu zangu hawakuwa wamewaza hilo. Mimi nilikuwa nimewaza, na niliogopa sana. Leokadia akasema, "Wakae. Watakwenda wapi? Ila huyu aandike."

Deo alinitangulia njiani. Alipofika kwako alitoa begi langu nje, akafunga mlango. "Umetufanya tuwe wapangaji," akaniambia. "Kwenye shamba la baba yetu. Ulishindwa hata kunyamaza?" Mke wake alilia. Sikubishana nao, na hilo peke yake lingekushangaza. Deo ana hasira na ana sababu. Mimi ndiye niliyemfundisha, kwa maandishi yangu mwenyewe, kwamba yeye ni mwenyeji na wengine ni wageni. Aliniamini, akachukua kamba. Kisha nikamwacha peke yake mbele ya watu.

Nilivuka kijito. Nilitaka kumwambia Leokadia pole, na ukweli ni kwamba nilikuwa pia natafuta mahali pa kulala. Nilimkuta anapepeta. Nikapiga magoti. "Shikamoo, mama."

"Marahaba." Akaendelea kupepeta mpaka ungo ulipokwisha. "Utalala wapi?"

"Sijui."

"Kwangu hapana," akasema. Hakusema kwa ukali. "Nimekusikia kule. Wanangu pia watasikia. Lakini miaka yote hiyo kitabu kipo shuleni, wajukuu wangu wanakisoma kwa mwalimu, wananirudia nyumbani kuniuliza, bibi, sisi ni wageni? Kwangu hapana. Bado."

Akaninyooshea njia ya mkato ya kwenda barabarani, ile ya kupitia kwenye mipera, akasema nitawahi lori la mahindi. Nililiwahi. Nilipanda juu ya magunia pamoja na makuli, mwanamke wa umri wangu na begi la vitabu, na hakuna aliyeniuliza nimetoka kwa nani.

Hivi ndivyo hali ilivyo. Mjini nina kabati la vitabu, nina watu wa kugombana nao kwa simu, nina jina. Sina mtu wa kunikanyaga mguu. Nikiwa hapa nimewapigia simu walimu wa shule wanirudishie nakala za kitabu, na wawili wamekwisha kukataa. Wanasema ni kitabu kizuri, niache unyenyekevu. Nitaandika upya. Nitaandika kwamba mwanamke mmoja alimkatia shamba mtu mwenye njaa na hakudai kitu ila kusalimiwa, na kwamba binti wa mtu huyo alisalimu mpaka alipokufa, na kwamba mjukuu wake msomi aliyajua yote hayo akayageuza. Hakitakuwa kitabu cha kumfukuzia mtu. Sijui kama kitauzika wala kama Deo atakisoma.

Wewe lala, Shangazi. Sikuombi unisamehe kutoka huko uliko. Wa kunisamehe yuko hai, ana umri mkubwa, na ameniambia bado. Mama wa chai anasema basi la Sumbawanga limekwisha kuonekana pale kwenye mteremko. Napanda nikiwa na neno lake hilo moja, nikiomba siku zake ziwe nyingi.

Ni mimi,
mtoto wa kaka yako.